KKS na KDS kwa vigawo tasa: jibu likikataa, anzia hapa

Mwanafunzi anakuletea daftari. Swali linasema: tafuta KDS (Kigawe Kidogo cha Shirika, yaani namba ndogo kabisa inayogawanyika kwa zote bila baki) cha 24 na 36. Hesabu kaipanga vizuri, mistari imenyooka, na chini kaandika jibu na kulipigia mstari mara mbili: 12. Ukimwambia amekosa anashangaa, na ana haki ya kushangaa, kwa sababu kila alichokigawanya kimegawanyika na kila alichokizidisha kimezidishwa sawasawa. Kosa liko mahali ambapo hakuandika chochote. Alichokitafuta ni KKS (Kigawo Kikubwa cha Shirika, yaani namba kubwa kabisa inayozigawanya zote bila baki), na hakuulizwa KKS.

Nimesahihisha madaftari ya namna hii kwa miaka mingi, ya watoto wa darasa la tano hadi ya watu wazima wanaorudia mtihani, na makosa yanayojirudia ni machache. Nimeyapanga kwa dalili, yaani kwa kile unachokiona kwenye daftari. Tafuta dalili inayofanana na ya kwako, anza na sababu ya kwanza kwa kuwa ndiyo inayotokea zaidi, kisha ushuke. Usirukie sababu ya mwisho kwa sababu tu inaonekana ya kitaalamu.

Kwanza kabisa: pima jibu ulilonalo

Watu wengi wakiambiwa wamekosa hufuta kila kitu na kuanza upya, halafu wanarudia kosa lile lile. Pima kwanza. Haichukui hata dakika moja.

Kipimo cha ukubwa: KKS hakiwezi kuizidi namba iliyo ndogo kuliko zote ulizopewa. KDS hakiwezi kupungua chini ya ile iliyo kubwa kuliko zote. Kwa 24 na 36, KKS kitakuwa 24 au chini yake, KDS kitakuwa 36 au zaidi. Kwa hiyo 12 haiwezi kuwa KDS, na hilo unalijua kabla ya kugusa kalamu.

Kipimo cha baki: KKS kinazigawanya namba zote ulizopewa bila baki. KDS kinagawanyika kwa zote bila baki.

Kipimo cha tatu watu wengi hawafundishwi, nacho ndicho ninachokipenda zaidi, kwa sababu kinakamata majibu yaliyo nusu sahihi. Gawanya kila namba kwa KKS ulichokipata. 24 ÷ 12 = 2, na 36 ÷ 12 = 3. Je, 2 na 3 zina kigawo kingine cha shirika zaidi ya 1? Hazina, basi KKS kimefika mwisho. Mwenye kupata 6 angebaki na 4 na 6, na hizo bado zinagawanyika zote kwa 2, maana yake ameacha 2 nje. Kwa KDS fanya kinyume: 72 ÷ 24 = 3, 72 ÷ 36 = 2, nazo hazina kigawo cha shirika. Ukipata zinacho, KDS chako ni kikubwa mno.

Kwa namba mbili tu, kipo na kipimo cha zao: KKS × KDS ni sawa na zao la namba zenyewe. 12 × 72 = 864, na 24 × 36 = 864.

Dalili ya 1: KKS kimekuwa kikubwa kuliko namba ulizopewa, au KDS kimekuwa kidogo

Hii ndiyo inayojaza madaftari kuliko zote. Nitakaa nayo kidogo.

Sababu ya kwanza ni maneno "kikubwa" na "kidogo". Mtoto anasikia Kigawo Kikubwa anategemea namba kubwa. Anasikia Kigawe Kidogo anategemea namba ndogo. Lakini kigawo kikubwa ni kikubwa miongoni mwa vigawo, na vigawo vyenyewe ni vidogo kwa asili yao. Kigawe kidogo ni kidogo miongoni mwa vigawe, na vigawe vinapanda juu bila mwisho. Mtoto mrefu kuliko wote katika chekechea bado anamfikia kiunoni mchezaji mfupi kuliko wote wa mpira wa kikapu. Nikitoa mfano huo darasani, nusu ya tatizo huisha siku hiyo hiyo.

Sababu ya pili ni irabu moja. Kigawo, kigawe. Masikio ya mtoto hayaoni tofauti, na mwalimu akiyatamka haraka hata mtu mzima haoni. Lakini irabu hiyo imebeba maana yote, na Kiswahili kina utaratibu wake hapa. Neno likiishia na -o mara nyingi ni kitu cha kufanyia kazi: ufunguo ni wa kufungulia, kifuniko ni cha kufunikia, ufagio ni wa kufagilia. Likiishia na -e, mara nyingi ni kile kilichofanyiwa: mtume ametumwa, mteule ameteuliwa, kiumbe kimeumbwa. Basi kigawo ndicho kinachogawa, na kigawe ndicho kinachogawiwa. Vigawo vya 12 ni 1, 2, 3, 4, 6 na 12, kwa kuwa hizo zinaigawa 12. Vigawe vya 12 ni 12, 24, 36, 48 na kuendelea, kwa kuwa hizo zinagawiwa kwa 12.

Sababu ya tatu inatokana na ufupisho wenyewe. Tukiandika KKS na KDS, K ya mwanzo inasimama kwa kigawo huku na kwa kigawe kule. Herufi iliyobeba tofauti ndiyo tuliyoikata.

Cha kufanya: kwa wiki mbili mwanafunzi asiandike ufupisho. Aandike "Kigawo Kikubwa cha Shirika cha 24 na 36 ni", kwa ukamilifu, kila swali. Inachosha na inasaidia. Tena kwa Tanzania ina faida ya mbele: akifika kidato cha kwanza lugha ya kufundishia hugeuka Kiingereza na herufi zote zinabadilika. Aliyekariri herufi tatu ataanza upya, lakini aliyeelewa kinachogawa na kinachogawiwa atabadilisha jina tu.

Dalili ya 2: KDS kinagawanyika vizuri kwa namba zote, lakini jibu la kitabu ni dogo kuliko lako

Umepata kigawe cha shirika, ila si kidogo. Sababu inayoongoza: umezidisha namba zenyewe, 24 × 36, ukaandika 864. Inayofuata kwa karibu: umepata vigawo tasa vya zote mbili (tasa ni namba inayozidi 1 isiyogawanyika ila kwa 1 na kwa yenyewe, kama 2, 3 na 5) kisha ukavizidisha vyote kwa mpigo, safu ya 24 na safu ya 36, jambo ambalo ni 864 ile ile kwa njia ndefu.

24 = 2 × 2 × 2 × 3 = 2³ × 3
36 = 2 × 2 × 3 × 3 = 2² × 3²

Jiulize KDS kinahitaji nini. Kinatakiwa kimbebe 24 na kimbebe 36. Ili kimbebe 24 kinahitaji 2 mara tatu. Je, 36 inadai 2 zaidi? Inadai 2 mara mbili tu, na tayari zimo ndani ya zile tatu. Huleti nyingine. Kwa upande wa 3, 24 inadai moja na 36 inadai mbili, kwa hiyo weka mbili. KDS = 2³ × 3² = 8 × 9 = 72.

Ndiyo maana kanuni inasema chukua kila kigawo tasa kilichotokea popote, kwa kipeo chake kikubwa (kipeo ni ile namba ndogo ya juu, kama 3 katika 2³). Na KKS ni kinyume chake: chukua vile tu vilivyo katika namba zote, kwa kipeo kidogo. KKS = 2² × 3 = 12. Mwenye kuelewa habari ya kubeba hahitaji kukariri ni kipeo kipi kinaenda wapi.

Dalili ya 3: KDS hakigawanyiki kwa mojawapo ya namba

Mfano ninaoupata mara kwa mara: KDS cha 8, 12 na 20, jibu 30.

Sababu ya kwanza: vipeo vimetupwa. Mwanafunzi ameona 2, 3 na 5 ndizo zilizotokea, akaandika 2 × 3 × 5. Angalia: 30 ÷ 8 haiingii. Sahihi ni 8 = 2³, 12 = 2² × 3, 20 = 2² × 5, kwa hiyo KDS = 2³ × 3 × 5 = 120.

Sababu ya pili: amechukua kipeo kidogo badala ya kikubwa, yaani amechanganya kanuni ya KKS na ya KDS ndani ya swali moja. Anapata 2² × 3 × 5 = 60, na 60 ÷ 8 inaacha baki 4. Baki ikitokea kwa namba moja tu, angalia vipeo vya namba hiyo hiyo, usipekue nyingine.

Sababu ya tatu: ameandika 2³ sawasawa, lakini mwishoni ameisoma kama 2 × 3 na kupata 6. Hapo jibu linakuwa 90. Dawa yake ni kuandika kwa urefu, 2 × 2 × 2, hadi mkono uzoee.

Sababu ya nne ni nadra lakini usiidharau. Kipeo ni tarakimu ndogo kuliko zote ubaoni. Mtoto ambaye kila mara ananakili 2³ kama 2² au kama 23, hasa akiwa kiti cha nyuma, na akikaa mbele anapata zote, huenda haoni vizuri. Hapa acha kumpa mazoezi zaidi. Mhamishie mbele, waambie wazazi wampeleke kupimwa macho. Nimewahi kumwadhibu mtoto kwa "uzembe" ambao ulikuwa macho, na hilo sijalisahau.

Dalili ya 4: hatua zote ni sahihi lakini jibu halifanani na la mtu mwingine yeyote

Hapa kuna namba iliyoitwa tasa wakati si tasa. Tasa ni kisichozaa. Kwenye mti wa vigawo, tawi la namba tasa halichipui tena. Mwanafunzi akiacha tawi ambalo bado lingechipua, kila kinachofuata kinapotoka.

Wahalifu wakubwa ni 51, 57, 87 na 91. Zinaonekana tasa kwa macho. Tatu za kwanza zinakamatwa kwa kujumlisha tarakimu: 5 + 1 = 6, inagawanyika kwa 3, basi 51 = 3 × 17. Vivyo hivyo 57 = 3 × 19 na 87 = 3 × 29. 91 haikamatwi kwa njia hiyo, nayo ni 7 × 13.

Tazama madhara yake. KKS cha 65 na 91: anayeiona 91 kuwa tasa ataandika 1. Lakini 65 = 5 × 13 na 91 = 7 × 13, kwa hiyo KKS ni 13 na KDS ni 5 × 7 × 13 = 455.

Cha kufanya: kwa namba yoyote chini ya 100, jaribu 2, 3, 5 na 7 tu. Zikikataa zote nne, na namba si 1, ni tasa, usihangaike zaidi. Sababu ni kwamba namba isiyo tasa lazima iwe na kigawo tasa kisichozidi kipeuo chake cha pili, na kipeuo cha pili cha 100 ni 10. Tena kwa kutumia vipimo vya 2, 3 na 5 ambavyo kila mtu anavijua, zinabaki namba tatu tu chini ya 100 zinazodanganya: 49, 77 na 91. Zikariri hizo tatu.

Kuna makosa mawili madogo ya kuangalia hapo hapo. Kuiita 1 tasa: si tasa, na ukiiruhusu, mti hautakoma. Kuikataa 2 kwa sababu ni shufwa: 2 ni tasa, nayo ndiyo shufwa pekee iliyo tasa.

Acha hapa kama mwanafunzi anakwama kwenye 7 × 8 au hajui 42 inagawanyika kwa nini. Shida si vigawo tasa. Mrudishe kwenye tebo kwa wiki kadhaa, kisha mje tena. Kumsukuma mbele katika hali hiyo ni kumfundisha kuchukia Hisabati.

Dalili ya 5: kwa namba mbili unapata, kwa namba tatu unakosa

Wengi hutumia njia ya kugawanya pamoja, namba zikiwa zimepangwa mstari mmoja:

2 | 12, 18, 20
2 | 6, 9, 10
3 | 3, 9, 5
3 | 1, 3, 5
5 | 1, 1, 5
 | 1, 1, 1

KDS ni zao la safu yote ya kushoto: 2 × 2 × 3 × 3 × 5 = 180. Hapo wengi wako salama. Shida huja kwenye KKS. Mwanafunzi anaona mstari wa pili, 2 imeigawanya 6 na imeigawanya 10, anaihesabu. Lakini 9 haikugawanyika, imeshushwa tu kama ilivyo. Shirika maana yake wote wameshiriki, na mmoja akikaa pembeni, huo si ushirika. Mstari wa kwanza pekee ndio uliogawanya zote tatu, kwa hiyo KKS ni 2.

Ninawaelekeza waweke alama ya nyota pembeni ya kila mstari ambao namba zote zimegawanyika. KKS ni zao la zenye nyota, KDS ni zao la zote. Kama hakuna nyota hata moja, KKS ni 1.

Sababu nyingine, si ya mara nyingi: kuacha mapema, kabla namba zote hazijafika 1. Na nyingine: kugawanya kwa 4 au 6 ili kufupisha kazi. Kwa KKS, endapo imegawanya zote, haina madhara. Kwa KDS inaweza kukuharibia. Chukua 4 na 6 zenyewe: ukianza na 4 unapata 1 na 6, ukimaliza na 6 unapata zao 24, wakati KDS ni 12. Tumia namba tasa peke yake.

Dalili ya 6: kipimo cha zao kinakataa ingawa jibu ni sahihi

Una namba tatu au zaidi. Kipimo hicho ni cha namba mbili tu. Kwa 12, 18 na 20, KKS × KDS = 2 × 180 = 360, wakati zao la namba ni 4,320. Usibadilishe jibu. Tumia kipimo cha baki na kile cha tatu.

Dalili ya 7: hakuna kigawo tasa kinachofanana, na mwanafunzi ameandika 0 au "hakuna"

KKS ni 1. Kila namba inagawanyika kwa 1, hivyo KKS hakikosekani kamwe. Na kwa namba mbili za aina hiyo, KDS ni zao lake moja kwa moja: 8 na 15, KDS 120.

Hili lina matumizi. Mlinzi anayefanya kazi siku tano na kupumzika ya sita, akipumzika Jumapili hii, lini atapumzika tena Jumapili? Mzunguko wake ni wa siku 6, wiki ni siku 7, hazina kigawo tasa cha shirika. Ni baada ya siku 42, yaani wiki sita kamili.

Dalili ya 8: kwenye hesabu za maneno hujui utafute kipi

Sababu inayoongoza ni kufundishwa kuwinda neno. "Ukiona kugawa, ni KKS. Ukiona kukutana, ni KDS." Inafanya kazi mara nyingi, kisha inakuangusha siku ya mtihani. Sikiliza hili: tafuta urefu mfupi kabisa wa kitambaa unaoweza kukatwa vipande vya sm 15 vyote, au vya sm 20 vyote, bila kubakiza. Kuna kukata, kuna vipande, lakini jibu ni KDS, 60.

Badala ya kuwinda neno, uliza swali moja: jibu litakuwa juu ya namba nilizopewa au chini yake? Kitambaa ni lazima kiwe kirefu kuliko kipande, kwa hiyo jibu liko juu, ni kigawe, ni KDS. Ukiwa na madaftari 48 na penseli 72 za kugawia wanafunzi wengi iwezekanavyo kwa usawa bila baki, wanafunzi hawawezi kuzidi 48, kwa hiyo jibu liko chini, ni kigawo, ni KKS: 24, kila mmoja madaftari 2 na penseli 3.

Sababu ya pili ni vipimo visivyolingana. Chumba kina urefu wa mita 4.2 na upana wa mita 3. Fundi anataka tailizi za mraba kubwa iwezekanavyo bila kukata hata moja. Mwanafunzi anahangaika na desimali. Geuza kuwa sentimita: 420 na 300.

420 = 2² × 3 × 5 × 7
300 = 2² × 3 × 5²

KKS = 2² × 3 × 5 = 60. Tailizi za sm 60 kwa 60, ambazo kweli zipo madukani, 7 kwa urefu na 5 kwa upana, jumla 35. (Hii ni hesabu ya darasani. Kabla ya kununua kwa ajili ya nyumba yako, mwite fundi apime mwenyewe. Kuta zetu mara nyingi hazijanyooka, na kuna nafasi ya saruji kati ya tailizi na tailizi.) Hali ni hiyo hiyo kwa muda: dakika 90 na saa 2 si 90 na 2, ni 90 na 120.

Sababu ya tatu: KDS kimepatikana, swali halijajibiwa. Daladala za njia mbili zinaondoka stendi pamoja saa 12:00 asubuhi, moja kila baada ya dakika 12, nyingine kila baada ya dakika 18. KDS ni 36. Swali likiwa "zitaondoka pamoja tena saa ngapi", jibu ni saa 12:36, si 36. Likiwa "hadi saa 2:00 asubuhi zitakuwa zimeondoka pamoja mara ngapi", wengi wanagawanya 120 kwa 36 na kuandika 3. Hesabu kwa vidole: 12:00, 12:36, 1:12, 1:48. Ni mara 4. Ile ya mwanzo nayo ni safari.

Sababu ya nne, maswali ya baki. Haya yana sura tatu, na kila moja ina dawa yake.

Namba ndogo kabisa inayozidi 5, ambayo ikigawanywa kwa 6, 8 na 9 inabaki 5 kila mara: baki ni moja kwa zote, basi KDS 72, ongeza 5, ni 77.

Namba ndogo kabisa ambayo ikigawanywa kwa 4 inabaki 3, kwa 5 inabaki 4, kwa 6 inabaki 5: baki zinatofautiana, lakini kila moja imepungukiwa 1 kufika. KDS 60, ondoa 1, ni 59.

Namba kubwa kabisa inayogawanya 50 na 74 na kubakiza 2 kila moja: ondoa baki kwanza, zinabaki 48 na 72, KKS 24.

Ukishindwa kuitambua sura, usikisie kuongeza au kuondoa. Chukua jibu lako uligawanye kwa kila namba uone baki. Swali lenyewe limekupa kipimo.

Dalili ya 9: kujumlisha sehemu kunaleta namba za kutisha

5/12 + 7/18, mwanafunzi anatumia 216 kama asili (namba ya chini) ya pamoja. Si kosa. Atafika, akichoka, na atakuwa na kazi ya kurahisisha mwishoni. Kwa KDS 36: 15/36 + 14/36 = 29/36. Kosa halisi ni kutumia KKS, yaani 6, kuwa asili. Asili mpya inatakiwa iwe kigawe cha 12 na 18, na 6 si kigawe cha yoyote kati yao. KKS kina nafasi yake kwenye sehemu, nayo ni kurahisisha: gawanya kiasi (namba ya juu) na asili kwa KKS chao, umemaliza kwa hatua moja.

Dalili ya 10: namba ni kubwa, vigawo tasa havionekani

Vigawo tasa ni njia nzuri kwa namba ndogo, na inachoka haraka zikikua. Hili si udhaifu wako. Mwaka 2020 watafiti walifaulu kupata vigawo tasa vya namba iitwayo RSA-250, yenye tarakimu 250. Ilihitaji kompyuta nyingi zikifanya kazi pamoja, na walichokipata ni namba tasa mbili za tarakimu 125 kila moja. Ugumu huo huo hutumika kulinda siri kwenye mitandao.

Kwa hiyo mtu akikuletea 1,147 na 1,271, jaribu 2, 3, 5, 7, 11 na 13. Zikikataa, acha kuwinda na ubadilishe njia. Ipo njia aliyoiandika Euclid wa Alexandria, Misri, takribani mwaka 300 kabla ya Kristo, ambayo inapata KKS bila kutafuta kigawo tasa hata kimoja. Gawanya kubwa kwa ndogo, chukua baki, gawanya ile ndogo kwa baki, endelea hivyo hadi baki iwe 0. Kigawanyo cha mwisho ndicho KKS.

1,271 ÷ 1,147 = 1, baki 124
1,147 ÷ 124 = 9, baki 31
124 ÷ 31 = 4, baki 0

KKS ni 31. Hatua tatu. Na sasa vigawo tasa vyenyewe vimejitokeza bila kutafutwa: 1,147 = 31 × 37, na 1,271 = 31 × 41. KDS = 31 × 37 × 41 = 47,027. Pima kama ulivyopima mwanzo: 47,027 ÷ 1,147 = 41, bila baki. 47,027 ÷ 1,271 = 37, bila baki. Na 41 na 37 hazina kigawo cha shirika zaidi ya 1.